Dohani Safi ya Namba Kumi na Saba

Hongtugou, 14 Novemba 2004

Kwa mpwa wangu Qiaolan, huko Harbin,

Mimi mzima, mke wangu mzima, kabichi tumeshazitia chumvi mitungi mitatu. Hayo yameisha, tuje kwenye jambo lenyewe. Nakuandikia barua kwa sababu simu ya hapa iko ofisini, na simu ya ofisini ina watu watatu wanaosikiliza na mmoja anayekohoa.

Kuna Mzungu.

Jumanne nilikuwa napandisha mabehewa kumi na nane ya makaa kutoka mgodini, mimi nimeshika mkono wa mvuke, Kou yuko kwenye beleshi. Kou unamkumbuka, mchochea moto wangu, yule ambaye masikio yaliganda siku ya harusi yake na hayajalala tena mpaka leo. Tulipofika kona ya bwawa, pale mlima unapouma, nikaona mtu amesimama kwenye theluji. Mrefu kama nguzo ya simu, koti la buluu, kamera tumboni. Treni ilipokaribia akatoa daftari, akaandika namba ya injini yangu. Akatazama saa, akaandika na saa.

Kisha akaonyesha dohani kwa kidole, akainua mikono yote miwili na kuifungua juu, kama mtu anayerusha njiwa.

Kou akasema, "Anataka moshi."

"Moshi wa nini?"

"Mweusi. Mwone anavyoomba."

"Huyo haombi, Kou. Huyo anatega."

Nikampita bila kumpa hata moshi wa kukaushia soksi.

Sasa nikueleze, maana tangu uhamie mjini mambo hapa yamegeuka. Injini za mvuke zilikuwa tisa, imebaki yangu tu, Namba Kumi na Saba. Baada ya Mwaka Mpya, Mkuu Xiang, huyu anayesimamia reli ya mgodi, ataamua kama inabaki au inakatwa vyuma iletwe injini ya dizeli. Na tangu Oktoba amebandika amri kwenye ukuta wa karakana, yenye mhuri mwekundu mkubwa kama sahani. Dereva akionekana anatoa moshi mweusi, anapewa karatasi ya onyo. Karatasi tatu, hashiki tena mkono wa mvuke maisha yake, anapelekwa kuchambua mawe kwenye mkanda unaopitisha makaa. Amri yenyewe siipingi. Moshi mweusi ni makaa yaliyokimbia kabla ya kufanya kazi. Mimi miaka ishirini na sita sijapata karatasi hata moja.

Basi jiulize. Mtu apande ndege kutoka Ulaya, aje asimame kwenye theluji ya Hongtugou, apige picha ya dohani? Kwao hakuna dohani? Huyo katumwa. Anataka picha yenye moshi, yenye namba na yenye saa, apeleke mezani kwa mtu.

Wewe unafanya kazi na hao watu kwenye ofisi yako ya utalii, lugha yao unaijua. Niulizie. Jina langu usilitaje. Barua hii nimeiziba kwa gundi ya mchele na kutia unywele wangu mmoja ndani ya gundi. Ukiukosa, jua kuna mtu katutangulia kusoma.

Mjomba wako,
Gong Shuntian, Dereva Daraja la Kwanza


Harbin, 22 Novemba 2004

Shikamoo Mjomba,

Unywele nimeukuta. Ila ni mweupe, na wewe uliniapia kwamba mvi huna. Mama anasema tangu utoto wenu alikuwa anakuamini nusu tu, na hiyo nusu aliijutia.

Kuhusu yule Mzungu, lala kwa amani. Wako wengi wa namna hiyo. Kwao injini za mvuke ziliisha zamani, zikabaki za maonyesho, wanazizungusha Jumapili watoto wakila peremende. Wakisikia mahali zinavuta makaa kweli, wanakuja hata kama ni mwisho wa dunia. Namba wanaandika kwa kupenda tu, kama babu alivyokuwa anaandika majina ya njiwa wake. Na moshi wanaupenda kwa sababu unapendeza kwenye picha.

Kwa hiyo siku nyingine akikuomba moshi, Mjomba, mpe. Mpe mwingi. Utakupunguzia nini?

Mama anakutumia soksi. Nimezihesabu, ziko mbili, kabla hujaniuliza.

Mpwa wako,
Mu Qiaolan


Hongtugou, 3 Desemba 2004

Kwa Qiaolan,

Marahaba. Soksi zimefika. Barua nayo imefika, lakini mdomo wa bahasha ulikuwa na mawimbi, kama karatasi iliyoonjeshwa mvuke. Mlinzi wa getini, anayetugawia barua, aliniambia, "Mpwa wako ana mwandiko mzuri." Mwandiko wa nje, au wa ndani? Nilimuuliza hivyohivyo. Akajidai anafagia theluji.

Barua yako nimeisoma mara nne, na kila mara nakwama pale pale, "Mpe mwingi." Qiaolan, wewe ni mtoto wa dada yangu, nimekubeba mabegani ukanikojolea nikiwa na kofia ya kazi. Tangu lini umeanza kunishauri namna ya kuchochea moto? Nani kakaa karibu na wewe ulipokuwa unaandika?

Moto wangu unajulikana. Namwambia Kou kila siku, tia kidogo, tia mara kwa mara, tandaza kama unatia chumvi kwenye supu ya mama mkwe anayekuangalia. Mwaka wa mafuriko bata bukini mweupe wa jirani alitua kwenye dohani yangu pale mgodini, akapanda nasi kilomita kumi na nne mpaka kiwanda cha kuoshea makaa. Aliposhuka alikuwa mweupe kuliko alivyopanda. Jirani alidai nimembadilishia bata. Watu wapo, waulize, isipokuwa Kou, maana siku ile alikuwa ameinama.

Sasa sikia haya mapya. Juzi Mkuu Xiang alipanda kwenye injini yangu. Miaka ishirini na sita hajawahi. Akanipa sigara, ya pakiti nzuri, akaniwashia yeye mwenyewe. Akasema, "Mzee Gong, Januari fanya kazi yako kama kawaida tu. Kama kawaida, umenielewa?" Akacheka. Akashuka, akampa na Kou sigara.

Mkubwa akikuambia ufanye kama kawaida, maana yake ana siku amekupangia. Ile sigara sikuivuta. Nimeihifadhi kwenye bati la chai, kama ushahidi.

Na Mzungu karudi. Nimembatiza Bwana Daftari. Alinipiga picha nikila. Chakula changu nilikuwa nimekipasha juu ya boila kwenye bati lake, kama kawaida, yeye akapiga picha bati. Sasa wanataka na bati.

Nijibu kitu kimoja, bila kunizungusha. Habari zangu kuna mtu umempa?

Mjomba wako,
Gong Shuntian


Harbin, 15 Desemba 2004

Shikamoo Mjomba,

Hapana mtu mbaya niliyempa habari zako.

Kuna mambo siwezi kuyaweka kwenye barua, na sababu umeitaja mwenyewe, bahasha zina mawimbi. Kuja siwezi kabla ya Mwaka Mpya, ofisi inanidai kila siku. Simu hutaki. Kwa hiyo nakuomba jambo moja tu, na ulishike kama lilivyo.

Tarehe 18 Januari, ukiona watu wengi wenye kamera kwenye kona ya bwawa, mwambie Kou ajaze makaa. Ajaze mpaka dohani isionekane. Usiulize nimejuaje. Ni kwa faida yako na ya Kumi na Saba.

Niamini, Mjomba. Mara hii moja.

Qiaolan


Hongtugou, 20 Januari 2005

Kwa mpwa wangu Qiaolan,

Kaa chini kabla ya kusoma. Nimewashinda.

Walikuja kweli tarehe kumi na nane, kama ulivyosema, na nitarudi kwenye hilo la kujua kwako. Baridi ilikuwa nyuzi thelathini na moja chini ya sifuri, mate yakianguka yanalia kama kifungo. Wazungu kumi na mmoja wamejipanga kwenye kona ya bwawa na kamera zao juu ya vyuma vya miguu mitatu, kama kikosi cha mizinga. Katikati yao Bwana Daftari. Na pembeni mwanamke wa kwetu, shali jekundu limefunika uso wote yamebaki macho, ndiye anayewapa amri kwa lugha yao.

Kou aliwaona kwa mbali. "Mzee, nijaze?"

"Ukijaza nakutia na wewe humo ndani."

"Mpwa wako kaandika tujaze."

"Mpwa wangu kaandikishwa. Lete moto mwembamba, mweupe, usio na kosa."

Sasa pale pana mlima, na kwa baridi ile, hata ukichoma waridi, mvuke wenyewe unatoka mweupe kama nyumba. Ningewanyimaje picha? Hapo ndipo elimu inapohitajika, na mimi nilisoma madarasa manne na nusu, na ile nusu ndiyo iliyonifaa. Kule chini bondeni, ambako hawanioni, nikaichapa Kumi na Saba mbio kama mwizi wa kuku. Mita mia kabla ya kona nikafunga mvuke. Kimya. Mabehewa kumi na nane yenye makaa yanapanda kona kwa mbio zilezile za bondeni, dohani safi kama sahani iliyolambwa. Hakuna moshi, hakuna mvuke, hakuna hata sauti. Tulipita mbele ya kamera kumi na moja kama jeneza. Nilipowapita wote nikafungua mvuke tena, taratibu, nyuma ya kilima.

Nimefanya hivyo mara saba, Qiaolan. Mara saba siku moja. Hakuna dereva mwingine kutoka hapa hadi mpaka wa Urusi anayeweza kufanya hivyo hata mara mbili. Mara ya tatu wakaacha kupiga picha. Mara ya tano mmoja akakaa kwenye theluji na kushika kichwa. Yule mwanamke wa shali jekundu alikuwa anarukaruka na kutupa mikono juu kama anafukuza kuku, ananipigia kelele. Nikamvulia kofia.

Mkuu Xiang alikuwa amesimama karibu na gari lake, hacheki tena. Mtego wake umekamata hewa.

Sasa turudi kwako. Ulijuaje tarehe? Na ulitaka nijaze makaa mbele ya Mkuu na kamera kumi na moja? Nimekaa nafikiri siku mbili. Sikutuhumu. Nauliza tu, na nitaendelea kuuliza.

Mjomba wako ambaye hajashindwa,
Gong Shuntian


Harbin, 24 Januari 2005

Mjomba,

Mwanamke wa shali jekundu alikuwa mimi.

Nilikuwa nakuita, "Mjomba, fungua mvuke." Nimekuita mpaka sauti ikakauka, bado sijaipata. Ukanivulia kofia.

Sasa nakuandikia kila kitu, mlinzi wa getini naye asome, siri haina thamani tena. Bwana Daftari anaitwa Lammers, ni Mholanzi, hajatumwa na mtu. Mimi ndiye niliyekwenda kwa Mkuu Xiang mwezi wa Novemba, baada ya barua yako ya kwanza, nikamwambia kuna watu watakaolipia mgodi ili waje kila kipindi cha baridi kuiona Kumi na Saba ikifanya kazi. Akakubali. Alisema, "Tarehe 18 Januari waje kundi moja la kujaribu. Wakiipenda, injini naiacha. Lakini mjomba wako asijue, atatangaza mpaka kwa bata, na watu watasema nimeiacha kwa sababu ya undugu." Nikaahidi. Nilidhani neno "niamini" litatosha kati yako na mimi.

Wale watu walikaa kwenye theluji ile siku nzima. Waliniambia ni injini iliyokufa inayosukumwa. Wameshaondoka kwenda mgodi mwingine huko magharibi, ambako madereva wanatoa moshi bila kuombwa. Jana Mkuu amesaini karatasi ya dizeli. Kumi na Saba inavuta mara ya mwisho tarehe 6 Februari, kabla ya sikukuu ya Mwaka wa Jogoo. Baada ya sikukuu wanakuja wakataji.

Ni Lammers peke yake hakuondoka na wenzake. Alikuwa mchochea moto ujanani, kabla kwao hazijaisha. Aliniuliza, "Yule mtu alifunga mvuke katikati ya mlima, mara saba. Anamficha nani?" Ungekuwa na jibu, Mjomba, ungenipa mapema. Ulishindwa nini kutoa moshi?

Qiaolan


Hongtugou, 28 Januari 2005

Kwa Qiaolan,

Nimeanza barua hii mara tatu. Mbili za kwanza zilikuwa na bata ndani, nimezichana.

Nina karatasi mbili.

Ya kwanza niliipata Oktoba, wiki ileile amri ilipobandikwa. Makaa yalikuwa yamelowa. Ya pili Novemba mosi, Kou alitereza na beleshi likamwagika lote. Mkuu Xiang alisaini zote mbili mwenyewe. Siku ananipa sigara nadhani alishasahau, mtu wa mihuri hakumbuki mihuri yake. Mimi nakumbuka. Ziko kwenye bati la chai, chini ya ile sigara. Mke wangu hajui. Kou anajua moja.

Ulipoandika "mpe mwingi," niliona karatasi ya tatu. Ulipoandika "ajaze mpaka dohani isionekane," niliiona imeshapigwa mhuri. Ningekuambia, ungenielewa. Lakini nilikuwa nimeshakuandikia kwamba sijapata hata moja, na nilipenda uendelee kusoma hivyo.

Yule Mholanzi bado yuko Harbin? Kama yuko, mlete kona ya bwawa tarehe 6, saa nne asubuhi. Mwambie alete betri za kutosha. Usimwambie Mkuu. Ukiweza vaa shali rangi nyingine, lile jekundu limeshaniaibisha.

Mjomba wako,
Gong


Harbin, 1 Februari 2005

Shikamoo Mjomba,

Yupo. Tunakuja.

Ila karatasi ya tatu unajua inakupeleka wapi. Fikiri tena. Hakuna atakayekulaumu ukipita kimya.

Qiaolan


Hongtugou, 12 Februari 2005

Kwa mpwa wangu Qiaolan,

Heri ya Mwaka wa Jogoo. Maandazi ya nyama uliyotuachia tumeyachemsha, mke wangu alipata lile lenye sarafu ya bahati ndani, akaificha nisije nikasema ni yangu.

Uliondoka haraka na Mholanzi wako, hukuona yaliyofuata. Nikusimulie.

Pale kona ya bwawa uliona mwenyewe. Nilimwambia Kou, "Leo jaza." Akaniangalia na yale masikio. "Mzee, una uhakika?" "Jaza, sema nilikulazimisha." Akatupa mabeleshi kumi na tano mfululizo, ya makaa ya vumbi yenye unyevu, machafu kuliko yote mgodini, niliyachagua mwenyewe jana yake. Nikafungua mvuke wote. Jua lilizimika, Qiaolan. Kuku wa kijiji cha chini waliingia bandani. Nimeambiwa hata mjini Jixi walidhani kuna mvua.

Nilikuona ukilia, na Mholanzi naye, mtu mzima mwenye magoti mabovu, anakimbia pembeni ya reli akipiga kelele kama ng'ombe aliyefunguliwa. Sikujua mtu anaweza kuupenda uchafu wangu kiasi kile.

Nilipofika karakana Mkuu Xiang alikuwa mlangoni, na wafanyakazi wote nyuma yake, maana moshi ule haukuhitaji kutangazwa. Akasema, "Mzee Gong, hii ni ya ngapi?" Watu wote walikuwa wanasikiliza. Nikasema, "Ya tatu." Kou akaangusha beleshi.

Angeweza kuniachia, siku yenyewe ya mwisho. Lakini amri iko ukutani na mhuri ni wake, na watu thelathini wanamtazama. Akaandika. Aliandika polepole, kama anayetafuta herufi isiyokuwepo. Akanipa kwa mikono miwili.

Jumatano naanza kwenye mkanda wa makaa. Nitakuwa mchambuaji wa mawe bora kuliko wote. Ninalolitilia shaka ni moja. Mlinzi anasema Mholanzi wako, kabla ya kupanda gari, alimvuta Mkuu pembeni pale getini, akamwonyesha kitu kwenye kioo cha kamera, wewe ukitafsiri. Mkuu akatazama muda mrefu. Mlisema nini pale? Na mbona wakataji walikuwa waje jana, na hawajaja?

Gong Shuntian


Harbin, 25 Februari 2005

Shikamoo Mjomba,

Tulisema hivi. Lammers alimwambia Mkuu kwamba Januari ijayo atarudi na watu ishirini, akiwa na picha hii ya kuwaonyesha, na ada ataitanguliza. Mkuu akauliza, "Watataka moshi kama ule?" Nikatafsiri. Lammers akasema, "Kama ule, au tusije."

Dizeli itakuja, hilo halizuiliki. Lakini Kumi na Saba haikatwi. Itakaa nyuma ya karakana, iwashwe wageni wakija. Mkuu ameniandikia jana, kwa mhuri. Uendeshaji amepewa Kou. Samahani, Mjomba. Nilimwomba, akasema amri ni amri.

Picha naituma pamoja na barua hii. Nimeiweka katikati ya kadibodi mbili na kutia unywele wangu kwenye gundi. Mweusi.

Mpwa wako,
Qiaolan


Hongtugou, 7 Machi 2005

Kwa mpwa wangu Qiaolan,

Unywele umefika, kadibodi zimefika, picha imefika. Mlinzi wa getini aliniuliza, "Kuna nini humo?" Nikamwambia asubiri kama watu wengine.

Dizeli nayo ipo. Ni nyekundu. Nimeizunguka siku nzima nikitafuta mahali pa kuuona moto wake. Hapapo. Mashine inayoficha moto, mimi siiamini, na nakuambia kama mtu aliyeficha wake miezi mitatu.

Sasa habari yangu. Mkandani nimekaa siku nane. Siku ya tisa nilikwenda ofisini kwa Mkuu Xiang, nikiwa na bati la chai. Nikamwekea mezani karatasi zangu tatu, na ile sigara. Nikamwambia, "Mkuu, isome amri yako." Akasema anaijua. "Isome kwa sauti." Akasoma: mwenye karatasi tatu hatashika tena mkono wa mvuke. Nikamuuliza, "Beleshi limetajwa?" Akasoma tena. Akageuza na nyuma. Beleshi halikutajwa.

Alicheka mpaka akaivuta ile sigara yeye. Kwa hiyo Januari ijayo Kou atakuwa dereva, na mimi, Gong Shuntian, bingwa wa dohani safi, nitakuwa mchochea moto wake, kazi yangu kutoa moshi mweusi kwa amri ya maandishi. Kou ameshaanza kuniita "kijana." Jana ameniambia moto wangu hauna uchafu wa kutosha, nifanye mazoezi.

Mke wangu nimemwambia habari ya zile karatasi. Alikuwa anajua tangu Oktoba. Bati la chai ni lake, nani asingeona.

Imebaki picha. Ni nzuri, siwezi kukataa. Theluji, reli, kona, na juu yake moshi kama mlima umepinduliwa. Nimeitundika juu ya kitanda chetu cha matofali, kile chenye moto chini, watu wanakuja kuitazama, hata mlinzi. Lakini Qiaolan, mimi simo. Moshi umefunika dirisha lote la dereva. Kinachoonekana ni mkono mmoja tu, umeshika ukingo wa dirisha, wenye glavu iliyotoboka.

Mimi nasema ni mkono wangu. Kou anasema ni wake, eti alikuja kuchungulia kuwaona Wazungu. Glavu zetu zote mbili zimetoboka, na zake ameshazitupa, jambo ambalo nalitilia shaka sana. Mtaa mzima umegawanyika, mke wangu yuko upande wa Kou.

Tafadhali muulize Bwana Daftari, yeye huandika kila kitu. Mkono ule ni wa nani. Ajibu kwa maandishi, na atie sahihi, na saa.

Mjomba wako,
Gong Shuntian,
Mchochea Moto